Mkono wa Kushoto wa Luhende

Kuna asubuhi moja ambayo sijaweza kuisahau, mwanangu, ingawa mengi ya ujana wangu yameshanitoka kichwani. Nakusimulia leo kwa sababu umepewa usimamizi wa watu pale Ibadakuli, na juzi ulipokuja kunisalimia ulitumia muda mrefu kunieleza ni nani kati yao usiyemwamini. Nilipokusikiliza nilikuwa kama najisikia mimi mwenyewe nikiongea.

Nilikuwa na miaka ishirini na miwili. Nilikuwa nimetoka kwetu Ushirombo kwenda kutafuta maisha karibu na Buseresere, nikapata kazi kwenye karasha la mtu mmoja aliyeitwa mzee Masalu. Wachimbaji walileta mawe yao kwenye viroba, sisi tukayasaga kwa mashine, kisha unga wake ukaoshwa kwa maji hadi dhahabu ibaki. Tulikuwa watu saba. Sehemu kama zile hakuna anayemwamini mwenzake. Ukikohoa, unaulizwa umemeza nini. Ukienda chooni mara mbili, kuna mtu anakufuata. Niliyazoea maisha hayo upesi, tena nikajiona mjanja.

Ndipo akaja Luhende, kutoka Samuye. Alikuwa mtu mzima kuliko mimi, mpole, mwenye nguvu za ajabu. Kiroba tulichobeba wawili, yeye alikibeba peke yake. Tatizo langu naye lilikuwa moja. Mkono wa kulia aliuacha wazi, lakini wa kushoto aliuvalisha glovu nene ya ngozi tangu asubuhi mpaka jioni. Alikula nayo, mkono ameuweka gotini. Akitaka kunawa, alikwenda nyuma ya ukuta. Miezi mitatu nilimchunguza. Nilijiambia mtu hafichi mkono bure.

Kisha wachimbaji wawili wakalalamika kwamba dhahabu waliyopata ilikuwa pungufu kuliko mawe yao yalivyoonyesha. Mzee Masalu akatuita mmoja mmoja. Zamu yangu ilipofika, akaniuliza kama nimeona chochote. Sikuwa nimeona kitu, mwanangu. Lakini niliogopa kufukuzwa, na ile glovu ilikuwa inanikera siku zote.

Nikasema, "Mzee, muulize Luhende kwa nini haivui glovu yake."

Ningeishia hapo labda ningekuwa na la kujitetea. Nikaongeza kwamba nimemwona akiingiza kitu ndani yake. Huo ulikuwa uongo, na nilipokuwa nausema niliuamini nusu.

Mzee Masalu akazima mashine, akatukusanya wote uwanjani.

"Vua," akamwambia Luhende.

"Mzee, nakuomba tuongee pembeni."

"Vua hapa hapa."

Luhende akanitazama. Sijui alijuaje kwamba ni mimi. Akavua. Mkono ule ulikuwa na vidole viwili tu, gumba na cha shahada. Vingine vitatu vilikuwa vimekatika, na mahali pake ndani ya glovu alikuwa amejaza vitambaa ili ionekane imejaa. Mzee Masalu alivitoa vitambaa vile kimoja kimoja, akavikung'uta mbele yetu. Havikuwa na kitu.

Nilidhani yataishia hapo, na labda ataombwa radhi. Mzee Masalu akasema, "Kumbe nimeajiri mtu asiye na vidole. Mashine ikikumalizia huo mkono, mimi nitajieleza wapi? Kachukue vitu vyako."

"Miezi mitatu niko hapa," Luhende akasema. "Nimewahi kuangusha kiroba hata kimoja?"

Mzee Masalu akatupa ishara turudi kazini. Mashine ikawashwa.

Aliyekuwa mkubwa kwetu sote kwa umri ni Mama Kulwa, mjane aliyechekecha unga wa mawe. Alinivuta kando. Alianza kwa Kisukuma, kisha akahamia Kiswahili ili nisije nikasema sikuelewa.

"Amekutwa na nini?"

"Hajakutwa na kitu, mama."

"Asubuhi alikuwa na kazi. Sasa hana. Nani kaichukua?"

Kisha akasema, "Ana watoto wanne. Alificha mkono kwa sababu kila alikokwenda waliangalia mkono kabla ya kuangalia kazi. Mfuate."

Nilimkuta stendi ya Buseresere akisubiri gari, na mfuko wake miguuni. Aliponiona hakungoja niseme neno. Aliufungua ule mfuko, akatoa shati, shuka na sufuria ndogo, akavipanga chini kimoja kimoja mbele ya abiria.

"Angalia vizuri," akasema. "Usije ukarudi ukasema hukuona."

Nilimwambia nimekuja kuomba radhi, nikamsihi turudi wote. Akaanza kurudisha vitu vyake mfukoni, taratibu, kwa mkono ule ule.

"Nirudi niwe naangaliwa na nani?" akaniuliza. Kisha akapanda gari.

Nilirudi karashani, nikasimama pale uwanjani, nikamwambia mzee Masalu mbele ya wote kwamba nilidanganya. Mama Kulwa akaweka chekecheo lake chini, akasema hataligusa mpaka Luhende aitwe. Wengine wakamfuata, na mashine ikasimama hadi mchana. Mzee Masalu alipoona viroba vinarundikana, akakubali aitwe. Nilifunga safari hadi Samuye kupeleka habari hiyo. Luhende alinikaribisha, mke wake akanipa maji, na jibu likawa lile lile. Alikuwa ameshaanza vibarua vya kulima mashamba ya watu. Hajawahi kuniambia kwamba amenisamehe, nami sijawahi kuwa na ujasiri wa kumwuliza.

Na malalamiko ya dhahabu pungufu hayakuisha baada ya yeye kuondoka. Safari hii nilitazamwa mimi. Nilipoinama kufunga kiatu, watu walinyamaza. Nilivumilia miezi miwili, nikaacha kazi.

Sasa nakuambia, mwanangu. Sikuambii uwe mjinga. Wezi wapo, nami mpaka leo fundi akiingia nyumbani kwangu macho yangu humfuata, ugonjwa huo sijapona. Lakini shaka yako ibaki kwako mpaka uwe na jambo ulilolishuhudia mwenyewe. Ukilazimika kumwuliza mtu, mwulize faraghani, na umpe nafasi ya kujibu. Usimvue mtu mbele ya wenzake, maana hata ukikuta hana kosa huwezi kumrudishia alichokuwa nacho. Na yule unayemwona ana kasoro, mpime kwa kazi aliyoifanya jana. Kufanya kazi ni haki yake. Wewe humpi zawadi, na kwa hiyo huna ruhusa ya kumnyang'anya kwa maneno.

Haya, nenda. Mungu akujalie hekima ambayo mimi niliikosa nilipoihitaji, na awajalie wale walio chini yako wafike nyumbani jioni wakiwa bado na hamu ya kurudi kesho.