Kidole cha Baba na Tivii Niliyorudi Nayo

Nilirudi Pemba na diploma ya elektroniki niliyojisomesha mwenyewe, nikaingia katika nyumba niliyoijenga mwenyewe mtaa wa Jadida, Wete, na televisheni niliyokuja nayo ilikuwa pana kiasi kwamba wachukuzi waling'oa fremu ya mlango ndipo ikapita. Najisifu, ndiyo. Nilikwenda Maskati kupika na kufua katika nyumba ya watu. Kutoka hapo nikapata kazi ya kufagia duka la vyombo vya umeme, na kutoka kwenye ufagio nikafika kwenye meza ya mafundi, huku jioni nikisoma darasa moja na wanaume walioniuliza kama nimepotea njia ya jikoni. Mitihani ilipotoka, wawili kati yao walikuja kuniomba daftari zangu. Mtu wa namna hiyo akirudi kwao akasema neno juu ya tivii, watu humsikiliza.

Na mimi nilisema neno.

Ilikuwa wiki ile ya kwanza, majirani wanakuja kunipa mkono wa karibu. Kabla hawajafika nilikaa na rimoti nikaingia ndani ya setingi na kuwasha kila kitu chenye jina zuri: cha kulainisha mwendo, cha kuondoa chenga, cha kunoa kingo za picha, cha kukoleza rangi. Tivii ikaniuliza kama nataka iwe hivyo kwa matundu yote ya nyuma yake, yaani kwa kila waya utakaochomekwa. Nikakubali bila kufikiri. Mama akaweka ile chaneli inayoonyesha Makka mchana na usiku, na marumaru ikatoka nyeupe mpaka bibi mmoja wa jirani akajifuta macho kwa ncha ya kanga. Hapo ndipo nilipowatangazia watu wote ukumbini kwamba tivii hii haina kosa hata moja, na atakayeona kosa akapime macho yake.

Watu walicheka. Baba alicheka zaidi kuliko wote, na siku zilizofuata nilimsikia akiwarudilia wateja wake maneno yale, kwa fahari, kama vile ameyasema yeye.

Baba ni fundi cherehani. Ameshona kanzu za mabwana harusi wa Wete tangu mimi sijazaliwa, na darizi ya shingo huitia kwa mkono, sindano na uzi, hapendi ya mashine. Nilipowahamishia yeye na Mama kwangu, cherehani yake ya miguu niliiweka ukumbini kwenye dirisha, mahali penye mwanga bora kuliko pote ndani ya nyumba.

Lakini Baba alikuwa na kazi ya pili, nayo ilikuwa gemu ya mpira. Miaka ya nyuma, nilipokuja likizo, niliiacha kwao mashine yangu ya gemu ya zamani, ile yenye waya tatu, mwekundu, mweupe na wa njano, iliyokuwa ikichomekwa kwenye tivii yao ya kichogo. Goti lilikuwa limeshamzuia kwenda uwanjani. Akaanza kwa kuuliza padi ya kubonyezea inashikwa vipi, na likizo iliyofuata nikamkuta bingwa. Alicheza kifundi. Alitulia, akamwacha mpinzani aje, halafu akabonyeza mara moja tu, kwa wakati wake, na mpira ukawa wake.

Mpinzani mwenyewe alikuwa mjomba wangu, kaka yake Mama, mkulima wa karafuu wa Mtambile. Kila Ijumaa baada ya sala hufika kwetu kwa chakula, na baada ya chakula huja padi. Yeye na Baba ni mashemegi, na utani wao hauna mlango wala dirisha. Mjomba hubonyeza vitufe vyote kwa pamoja kama mtu anayepura mpunga, na Baba alimwambia mara nyingi kwamba akimaliza kupura atuletee na mchele. Miaka yote ile Mjomba alirudi Mtambile amefungwa.

Baada ya tivii yangu kufika, Baba akaanza kufungwa yeye.

Ijumaa ya kwanza alisema hajaizoea. Ya pili aliomba marudiano, akafungwa tena. Ya tatu Mjomba alifunga bao huku akitafuna embe, padi ipo juu ya goti lake, akamwambia Baba asihuzunike, mtoto kampa tivii kubwa ili akifungwa, hata watu wa ng'ambo ya barabara nao waone. Nilicheka. Baba aliweka padi chini taratibu, akaangalia viganja vyake, akavifunga, akavifungua. Nilimwona, wala sikufikiri kitu.

Alhamisi iliyofuata nilirudi mchana kutoka dukani kwangu, ninapotengeneza simu na redio, nikakuta meza ya Baba tupu. Kilikuwapo kitambaa cha kanzu ya bwana harusi mmoja wa mtaani, kimekunjwa, kinasubiri kukatwa. Sasa hakipo. Nilimuuliza Mama, aliyekuwa jikoni anakuna nazi, naye hakuinua kichwa. Akanieleza kwamba Baba amekirudisha kitambaa kwa wenyewe na kuwaambia watafute fundi mwingine. Na kesho Mjomba akija atakuja na gari ya mizigo, achukue cherehani, akampe binti yake kule Mtambile anayejifunza kushona.

"Babako kasema nkono umemwisha," alisema Mama.

Nilikwenda kukaa mbele ya Baba. Alikuwa kwenye kiti chake cha dirishani, mikono mapajani, na kwa mara ya kwanza maishani mwangu nikaiona mikono ile haina kitu. Nilimwambia kama ni macho twende hospitali, kama ni goti linamsumbua kukanyaga basi nitamwekea mota kwenye cherehani. Akatikisa kichwa.

"Nkono unachelewa," alisema. "Naona mpira huu hapa, nabonyeza, ntu wangu kasimama tu. Namwona shemegi anapita. Mie si ntoto, mwanangu, najua maana yake. Leo ni kwenye gemu. Kesho mkasi utapita pasipo kwenye kanzu ya harusi ya watu."

"Labda ni mashine ya gemu, Baba. Imezeeka."

"Mashine ni ile ile."

"Basi labda ni tivii."

Akanitazama kwa upole, kama mtu anayekumbushwa jambo analolijua vizuri.

"Weye mwenyewe ulisema hino haina kosa. Umeisomea."

Nimezoea kuaminiwa na wateja, lakini si kuaminiwa kiasi kile, mpaka Baba akaona ni rahisi zaidi kuitia makosani mikono yake kuliko neno langu. Nikawasha tivii na mashine, nikampa padi moja, nikashika nyingine. Nilitaka kuiangalia mikono yake kwa karibu.

Sasa ni lazima niseme kwamba pale dukani Maskati hakuna aliyekuwa akinifunga gemu ya mpira. Saa ya mapumziko walikuwa wakipanga foleni ili nao wafungwe. Tangu nirudi sikuwa nimegusa padi hata siku moja, kwa shughuli za duka. Tulipoanza, nilimwona mshambuliaji wa Baba anakuja, nikabonyeza kumnyang'anya, nikamkosa. Nikabonyeza pasi, ikatoka mchezaji ameshazungukwa. Nikapata penalti, nikapaisha. Baba alinitazama kwa huruma, akaniambia pengine ni ya kurithi.

Baba, kwa jinsi alivyo, alipokosa alijiuliza mwenyewe ana nini. Mimi sikuumbwa hivyo. Nikikosa mimi, wazo la kwanza ni kwamba kuna kitu kingine kibovu, na siku ile namshukuru Mungu kwa kuniumba nilivyo. Nilifunga macho nikasikiliza kitufe kikilia chini ya kidole changu. Nikafumbua, nikabonyeza tena. Mlio ulikuja kwanza. Mchezaji alifuata baadaye, kidogo tu, muda mfupi kuliko kupepesa jicho, lakini alifuata.

Simu yangu ina kamera inayoweza kupiga picha nyingi sana ndani ya sekunde moja, kisha ikakuonyesha jambo kwa mwendo wa konokono. Niliisimamisha juu ya ndoo iliyofunikwa, nikaipanga ili ndani ya picha kionekane kidole gumba cha Baba na nyuma yake tivii yote. Nikamwambia apige penalti. Alipiga, akakosa, akapumua. Nikamletea simu.

Kidole kilionekana kikubwa, chenye kovu dogo la sindano pembeni ya ukucha. Kikashuka. Kikakifikia kitufe na kukizamisha mpaka mwisho. Nyuma yake mpiga penalti alikuwa amesimama vile vile. Kidole kikaendelea kukaa chini. Mpiga penalti bado. Ndipo akainua mguu.

"Rudisha," alisema Baba.

Nikarudisha. Aliisogeza simu puani, kwa jicho lile lile analokagulia mshono wa mtu mwingine.

"Hicho kidole changu?"

"Ndicho."

"Mbona kimeshafika?"

"Kimeshafika, Baba. Tivii ndiyo bado."

Aliniomba nirudishe mara ya tatu, na ya nne. Mama alikuwa ametoka jikoni na kibao cha mbuzi mkononi, akasimama nyuma yetu kutazama kidole cha mumewe kikishuka.

Nilimweleza kwa lugha ya kazi yake. Picha ikitoka kwenye mashine ya gemu ni kama kanzu iliyokwisha kushonwa. Tivii ingeweza kumkabidhi mwenyewe pale pale, lakini mimi niliiamrisha kwanza ikate nyuzi, ipige pasi, ikunje, itie na manukato. Kulainisha mwendo peke yake kunaifanya iishike picha mkononi na kungoja inayofuata, ili itunge ya katikati. Kwa chaneli ya Makka haidhuru, kwa sababu hakuna anayebonyeza kitu. Picha ikichelewa kidogo, nani atajua? Kwenye gemu kidole kinasubiri jibu. Mjomba hasubiri jibu, yeye anapura, ndiyo maana hakuona tofauti yoyote.

Kisha nikasema lililobaki, na halikuwa jepesi kutoka. Nikamwambia tivii niliipanga mimi, kwa ajili ya kuwaonyesha wageni, na nilisema haina kosa bila kuipima. Kosa lilikuwa langu tangu siku ya kwanza.

Baba akasema maneno hayo nitayarudia kesho mbele ya shemegi yake, la sivyo huyo shemegi atadai tivii imehongwa.

Nikaingia kwenye setingi. Tundu la waya tatu nililiweka kwenye hali ya gemu, ambayo huzima mapambo mengi kwa mkupuo mmoja, nikaipitia orodha na kuzima kwa mkono yaliyosalia. Tundu la king'amuzi nikaliacha na uzuri wake wote, maana Mama alikuwa ananitazama. Picha ya gemu ikawa na kingo za kukwaruza na rangi imepungua. Tukapiga penalti nyingine mbele ya simu, na safari hii kidole kiliposhuka mguu uliinuka nacho karibu pamoja. Akapiga ya pili, akafunga. Ya tatu akafunga.

Kesho yake Mjomba alifika na gari ya kuazima na kamba nene ya katani begani. Niliyasema yale maneno mbele yake kama nilivyoagizwa, nimesimama, mikono nyuma kama mwanafunzi. Mjomba alinisikiliza, akasema diploma ni kitu kizuri sana, kinamwezesha mtu kukosea kwa kiwango cha juu. Baba akamwambia akae.

Wakashika padi. Kwa dakika za mwanzo Baba aliwahi mno, kwa kuwa alishazoea kubonyeza kabla ya wakati ili aifidie tivii, na shuti la Mjomba likagonga mwamba wa goli. Nikauma kanga yangu. Halafu Baba akatulia. Akamwacha shemegi yake aje, aje mpaka karibu kabisa, na akabonyeza mara moja.

Ilikwisha tatu bila. Mjomba aliangalia cherehani pale dirishani, akaangalia kamba yake.

"Sasa shemegi, kamba hino nifungie nini?"

"Fungia hayo mabao matatu," alisema Baba, "yasikwangukie njiani ukachelewa Mtambile."

Alasiri alijiweka utepe wa kupimia shingoni, akavaa kofia, akatoka na Mama kwenda nyumbani kwa bwana harusi. Mama ndiye aliyenisimulia. Kitambaa kilikuwa bado hakijapata fundi. Walipomuuliza amebadilishwa na nini, Baba aliwajibu kwamba kulikuwa na kitu nyumbani kilichohitaji kurekebishwa kwanza, nacho kimekwisha. Hakutaja nani alikiharibu. Nilikuwa nimejiandaa kuchekwa mtaa mzima, na watu wa nyumba ile wana ndimi, lakini Baba alinisitiri bila mimi kumwomba.

Jumamosi asubuhi alitandika kitambaa juu ya mkeka. Akapiga mistari ya chaki, akapima tena ambacho alishakipima, akashika mkasi. Nilikuwa nimechelewa dukani, lakini nikasimama mlangoni, kisha nikasogea, kisha nikasogea tena, mpaka nikawa juu ya bega lake, natazama kidole gumba kikiingia kwenye tundu la mkasi.

"Mwanangu," alisema bila kuinua macho, "umenizibia mwanga."

Nikasogea pembeni. Mkasi ukaanza kwenda.