Mbuzi Watatu wa Nassor

Kaka yangu Nassor nilimfisha mimi, tena adhana ya laasiri ikiadhiniwa na nyumba nzima inanukia mchuzi wa papa. Sikukusudia. Nilikuwa msichana wa miaka kumi, na kazi yangu, wakati ule kama sasa, ilikuwa kukaa ndani na kutazama televisheni. Nyumbani kwetu, mtaa wa Hamriya, ghorofani, palikuwa na sheria ya Bibi: muadhini akianza, sauti ya televisheni inazimwa, picha zinabaki zikihangaika kimya kama samaki ndani ya chupa. Na mwaka ule picha zilikuwa moto mtupu. Libya kulikuwa na vita. Na kwetu Oman, nchi tuliyoizoea ikisinzia baada ya chakula cha mchana kama mzee wa heshima, vijana wa Suhar walikuwa wamefunga njia wakidai kazi. Huko huko Suhar, bandarini, ndiko alikoajiriwa Nassor, na tangu jana yake simu yake ilikuwa ikiita bila kupokewa.

Basi mtangazaji akataja Suhar, adhana ikaingia, nikazima sauti. Picha ikabadilika: barabara ya pwani, mitende, gari linawaka, na kijana mwenye shati la buluu amelala kifudifudi. Nassor alikuwa na shati la buluu. Mwenye macho haambiwi tazama, lakini mwenye macho kama yangu alistahili kuambiwa ayafumbe. Nikapiga ukelele: "Nassor huyo! Kafa!" Mama akatoka jikoni na mwiko mkononi, Bibi akatoka kutawadha, mikono inachuruzika maji. Kufika wao, kijana keshaondoka kwenye kioo, na sauti iliporudi ikaja na habari za mpira. Nikaapa kwamba nimemuona. Mama akakaa chini pale pale mlangoni. Hakulia; alikuwa akimwita tu kwa sauti ndogo, vile alivyozoea kumwamsha kwenda kazini. Hapo ndipo nilipoogopa kweli.

Bibi akanyanyua mikono: "Ya Rabbi, nnaweka nadhiri ya mbuzi, mjukuu wangu akirudi hai." Mama akaweka wake. Nami, nisipitwe na shughuli, nikaweka wangu. Majirani wakaanza kuingia, wa kwanza akiwa Bi Sharifa wa mlango wa pili, mzaliwa wa Bujumbura, aliyevijua vita kwa kuvikimbia kwa miguu yake.

"Nani amepiga simu akaambiwa kijana amekufa?" akauliza, kisha akanigeukia mimi. "Sasa aliyemuona ni nani? Huyu? Huyu juzi alinikuta nimelala akaenda kutangaza nimekufa!"

Lakini hakuondoka. Alikaa chini kando ya Mama, akamshika mkono.

Maghribi ilikuwa haijaingia tuliposikia mtu anapanda ngazi. Nassor alisimama mlangoni na begi lake, akavitazama viatu vya wanawake vilivyorundikana, uso ukambadilika. "Nani kafa?" Mama alimpiga kofi kwanza, ndipo akamkumbatia. Kumbe jana yake kazini kwao waliambiwa warudi makwao mpaka hali itulie, njia zilizofungwa zikamlaza njiani, na simu kaisahau bwenini.

Habari za jioni zikairudia picha ile ile, safari hii na sauti yake: ni Libya. Nassor akasogea karibu na kioo. "Ndo mie huyo? Mie nna nywele nzuri kama hizo?" Tukacheka mpaka Bibi akashika ubavu. Hakuna aliyeuliza yule kijana alikuwa kaka wa nani. Nimekuja kujiuliza ukubwani.

Mbuzi walinunuliwa na marehemu mwenyewe, maana ndiye pekee aliyekuwa na mshahara. Bibi akakata hukumu: nyama ya nadhiri haionjwi na aliyeiweka wala watu wa nyumbani mwake. Watatu walichinjwa, wakapikwa, wakagawiwa jengo zima. Sisi tukala wali na mchuzi wa papa, Nassor akinusa tu, huku Bi Sharifa akituombea dua na mfupa mkononi.

Mwaka ule ulipita. Mawaziri walibadilishwa, vijana wengi wakapata kazi, njia zikafunguliwa. Bibi ametangulia. Vita vya watu havijaisha, na siku nyingine vinatusogelea mpaka tunanong'ona; lakini Nassor ana kipara, ana watoto, na kila Ijumaa anatujia na njaa yake. Mla ni mla leo, mla jana kala nini? Ijumaa iliyopita nilikuwa nikimlalamikia Mama ngazini kwamba kaka kamaliza sinia zima, sasa anakoroma sebuleni na mimi nirudi tena jikoni. Bi Sharifa, ambaye uzee haujamlainisha ulimi, akafungua mlango wake.

"Mlimlilia arudi, amerudi. Sasa mpikieni mtu ale."