Leso Yangu Jukwaani

Shule ilimpa mjukuu wangu nafasi ya kuigiza mwanamke mzee anayeishi peke yake. Na mwanamke wa namna hiyo kwenye michezo, kumbe, lazima awe mchawi. Akaja kwangu kuomba leso kuukuu ya kujifunga.

"Magokoro," akaniita, kama tunavyomwita bibi kwetu, "ukiwa peke yako huwa unafanya nini?"

"Navua viatu, nakunywa chai, nalala katikati ya kitanda. Zamani katikati palikuwa pa babu yako."

Hakucheka. Mwalimu alikuwa amemwambia asipotisha watu, nafasi atapewa mwingine. Basi nikamwonyesha ninavyorudi kutoka kuuza majani chai: mgongo umepinda, kikapu kitupu, mdomo unalaumu magoti njia nzima.

Siku ya mchezo akatoka hivyo hivyo, na leso yangu. Watu wakapiga mayowe. Jirani yangu, ambaye hukutana nami njiani kila siku, akanishika mkono.

"Mama, huyu mtoto anatisha! Amefundishwa na nani?"

"Na mimi."

Akaitazama ile leso, akanitazama, akauachilia mkono wangu polepole. Mjukuu wangu alibaki na nafasi yake. Nilipiga makofi kuliko wote.