Ndama Mwekundu na Suruali ya Jinzi

Somo la kizazi cha pili lilinipita kwa sababu ya suruali ya jinzi. Nasema kweli, sina pa kujificha. Ilikuwa miaka ile biashara iliporuhusiwa, maduka yaliyozoea kuuza viberiti na chumvi yakaanza kujaa vitu, na marobota ya mitumba yakafika mpaka Mpwapwa, nilikokuwa nikisomea mifugo.

Alhamisi mwalimu alitufundisha urithi wa rangi. Ukipandisha dume jeusi la asili safi kwa jike jekundu, alisema, ndama wote watakuwa weusi, maana weusi unatawala. Niliandika "weusi unatawala" nikapiga mistari miwili chini yake. Ijumaa angeendelea na kizazi cha pili, yaani hao ndama wakishakua na kupandana wao kwa wao. Ijumaa hiyohiyo robota jipya likafunguliwa sokoni. Jamani, jinzi! Niliipata moja, ndefu kuliko miguu yangu. Kwetu wote ni warefu, baba, mama na kaka zangu. Mimi peke yangu ndiye niliyetoka kama kigoda. Nikaikunja mara tatu. Jumamosi likizo ikaanza, nikaenda nyumbani nimevaa jinzi nzima na kubeba sayansi nusu.

Nilimkuta baba amenuna. Kwetu Ugogoni mtu mwenye akili hafugi ng'ombe wake wote katika boma moja. Wengine huwawekesha kwa rafiki wa mbali, ili ukame au ugonjwa ukipiga huku, wa kule wabaki. Rafiki hunywa maziwa, ndama huwa wa mwenye mali, na hakuna karatasi wala shahidi, ni neno la mtu tu. Baba alikuwa amewekesha majike manne na dume moja kwa mzee mmoja wa Hombolo, wote weusi tii. Urafiki wao ulinizidi mimi umri. Sasa mzee alikuwa ametuma habari: jike moja limezaa, na ndama ni mwekundu.

"Wewe ndiye unayesomea haya," baba akaniambia. "Mweusi kwa mweusi, inawezekana azaliwe mwekundu?"

Ningesema, "Baba, ngoja niulize." Maneno matatu tu, yangetosha. Badala yake nilijishika kiuno, nikakohoa kidogo kama mwalimu, nikatamka: "Kisayansi haiwezekani. Weusi unatawala. Huyo ndama amebadilishwa." Waliosema debe shinda haliachi kutika walikuwa wamenisikia mimi.

Baba hakupiga kelele. Alimtumia rafiki yake ujumbe mmoja: nataka ndama wangu mweusi. Siku ya tatu mzee alikuja mwenyewe, akiswaga ng'ombe wote, na yule ndama mwekundu akitembea ubavuni mwa mama yake. Akawaingiza bomani, akakataa maji ya kunywa, akaondoka bila kuaga. Baba alisimama mlangoni akimtazama mpaka akapotea. Nami, Mungu anisamehe, nilikula vizuri sana siku hiyo. Nilijiona nimeokoa mali ya ukoo.

Likizo ikaisha. Chuoni mwalimu akaanza kwa kutukumbusha la Ijumaa ile. Akachora mraba ubaoni, akaugawa vyumba vinne. Dume jeusi lenye wekundu uliojificha, jike jeusi lenye wekundu uliojificha. Chumba cha kwanza, mweusi. Cha pili, mweusi. Cha tatu, mweusi. Cha nne akaandika: mwekundu. Nikalaza kichwa juu ya dawati. Mwenzangu akaniuliza kama ni malaria, nikasema ndiyo, maana malaria angalau ina heshima yake.

Niliomba ruhusa nikarudi kumwambia baba. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Kwa hiyo hata dume langu lilikuwa na wekundu ndani?"

"Ndiyo, baba. Lazima utoke pande zote mbili."

"Na siku wanafundishwa hayo, wewe ulikuwa wapi?"

Nikamwambia. Akaitazama ile jinzi. "Basi ivae," akasema, "uende nayo Hombolo."

Mzee nilimkuta akipogoa mizabibu yake. "Shikamoo, baba." Akaitikia marahaba bila kuniangalia. Nikachuchumaa, nikachora mraba wangu mchangani kwa kijiti, nikamweleza weusi unaotawala na wekundu unaojificha. Aliniacha nimalize vyumba vyote vinne.

"Mama wa jike lile lililozaa alikuwa mwekundu," akasema. "Baba yako amesahau, mimi namkumbuka. Mngeniuliza ningewaambia."

Kisha akanitazama, kuanzia kichwani mpaka kwenye mikunjo ya suruali. "Mwanangu, baba yako mrefu. Mama yako mrefu. Wewe ulipokua ukaishia hapo ulipoishia, kuna mtu aliyemwita mama yako mwongo?"

Nililia, mtu mzima na jinzi yangu. Aibu ile naisikia mpaka leo. Mzee akanipa zabibu, kama mtu anavyombembeleza mtoto, akasema, "Mwambie baba yako aje mwenyewe."

Baba alienda kesho yake, na walisameheana. Waliendelea kutembeleana na kuzikiana watu wao. Lakini baba alipowaswaga tena ng'ombe hadi Hombolo, mzee aliwanywesha maji, kisha akawageuza warudi naye.

"Wewe karibu siku zote," alimwambia. "Ng'ombe wako kaa nao."

Kwenye mtihani wa mwisho uliletwa mraba uleule, na mimi nikapata alama zote. Ndama mwekundu alikulia nyumbani, akawa jike mzuri mwenye maziwa. Na ukame ulipokuja, ng'ombe wote wa baba walikuwa katika boma moja.