Mzee Ndevu Alipozikwa Jumapili

Nyumba yetu ya Small Heath, Birmingham, ilinuka mafuta ya taa. Kila majira ya baridi hita iliwekwa katikati ya sebule, na kabla joto halijatufika miguuni, harufu ilikuwa imeshaingia katika nywele, mapazia na mkate. Siku za Jumapili, ndani ya harufu hiyo, baba yangu aliweka santuri. Sindano ilikwaruza kwanza, kama mtu anayesafisha koo, kisha ikaja banjo, na nyuma yake sauti nene ya Mmarekani mmoja. Jina lake lilikuwa gumu vinywani mwetu. Kwa kuwa picha ya jaladani ilimwonyesha mtu mrefu, mwembamba, mwenye ndevu zilizofika kifuani, kwetu aliitwa Mzee Ndevu, basi.

Nyuma ya jalada yaliandikwa maisha yake kwa herufi ndogo. Baba alijua Kiingereza cha kiwandani tu, kwa hiyo mimi, mwenye miaka tisa, ndiye niliyemfasiria. Niliyajua maisha hayo kama watoto wengine wanavyozijua hadithi za sungura. Alizaliwa katika bonde la wachimba makaa, mtoto wa saba, mama yake akiimba huku akifua. Aliacha shule akadandia magari moshi ya mizigo, akalala mazizini, akachuma matunda huku na kupakia magogo kule, na kila alikopita aliwaomba vikongwe wamwimbie nyimbo za zamani, akaondoka nazo kichwani. Baadaye redio ikamchukua, kisha jukwaa, kisha sinema, akawa leo jaji, kesho mwizi, keshokutwa baba wa watu. Baba alinikatiza kila mara kwenye magari moshi. "Rudia hapo," alisema. Yeye mwenyewe alitoka Tanga akiwa kijana, akafanya kazi melini, akazunguka bandari nyingi, hadi akaishia katika kiwanda kidogo cha vyuma Saltley. Mama alimwambia kuwa mtembezi hula miguu yake. Naye alijibu, "Nimekubakishia visigino."

Mwezi wa kumi na mbili wa mwaka ule, asubuhi moja, baba alianguka kazini na hakuinuka tena. Wanaume wa jamaa zetu walimchukua, wakamwosha, wakamzika. Kwa desturi yetu wanawake hawafuati jeneza, kwa hiyo mimi na mama tulibaki nyumbani, tukasikia mlango ukifungwa, na hayo ndiyo mazishi tuliyoyaona. Mama akakaa eda. Santuri ikapandishwa juu ya kabati, na televisheni ikafunikwa khanga.

Bibi yangu, mama yake baba, alipelekewa telegramu Tanga: mwanao mgonjwa, njoo. Ndivyo watu wetu walivyofanya. Mzazi mzee hakuambiwa kifo akiwa mbali. Aliambiwa ugonjwa, akafunga safari, na alipofika, mikono ya kumshika ikiwa tayari, ndipo alipoelezwa. Wahenga husema mficha maradhi kilio humfichua, lakini sisi tulikificha kilio ndani ya maradhi. Aliyeiandika telegramu alikuwa Mjomba Saidi, mfanyakazi mwenzake baba, ambaye kwetu alikuwa zaidi ya ndugu.

Bibi alifika wiki ya tatu, amevaa makoti mawili ya kuazima, na mkononi ameshika kikapu. Ndani mlikuwa na chupa ya asali ya nyuki wadogo, habasoda, mdalasini na maji ya zamzam, dawa za mgonjwa wake. Walipomwambia, hakulia. Aliuliza kikapu akiweke wapi, kisha akakiweka mwenyewe dirishani jikoni, nacho kikakaa hapo wiki baada ya wiki. Wanawake waliokuja kumpa pole walinong'ona kwamba asipolia atapasuka.

Arobaini ikasomwa, khanga ikaondolewa kwenye televisheni. Jumapili moja alasiri ilionyeshwa sinema ya zamani, na nilipoziona zile ndevu niliruka. "Bibi, huyu ndiye wa baba!" Alivuta kiti karibu. Mzee Ndevu alikuwa mchungaji wa kondoo, baba wa vijana watatu, na mwishoni akafa. Wanawe walichimba kaburi kilimani, wakamshusha, na udongo ukaanza kuanguka. Hapo bibi akalia. Alilia kilio cha matanga hasa, kile cha kuita jina, na jina aliloita halikuwa la mtu wa kwenye sinema. Nilitaka kumkimbilia, mama akanizuia. "Mwache," alisema. "Siku zote hizi tulikuwa tunakingoja hiki." Usiku huo bibi alikula sahani nzima ya wali, na sote tukadhani tumevuka.

Wiki mbili hivi baadaye, tukiwa tunangoja chakula, Mzee Ndevu akatokea tena kwenye televisheni, mzima, anacheka, banjo magotini. Bibi akakitua kikombe.

"Si huyu tulimzika?"

"Alikuwa anaigiza, bibi. Ile ilikuwa sinema."

"Usinifanye mshamba, mke mwenzangu." Ndivyo alivyoniita, kama mabibi wa kwetu wanavyowatania wajukuu wao wa kike. "Tanga naingia sinema tangu baba yako hajazaliwa. Najua yeye anaigiza. Nisichojua ni nyinyi mnaigiza nini." Akaitazama televisheni. "Huyu nimemwona akifukiwa, na yu hai. Mwanangu nani kamwona?"

Katika nyumba ile hakuna aliyemwona. Asiyekuwapo na lake halipo. Neno lile liliingia kwangu kama lilivyoingia kwake, na kesho yake, nikitoka shule, nilisimama Coventry Road kutazama kila basi lililoteremsha watu. Nilitafuta koti la kijivu kama la baba na mwendo wa mtu anayetua kisigino kwanza. Siku ya tatu bibi alivaa makoti yake mawili akaja kusimama nami. Hatukuambiana tunamngoja nani. Mama alituona kupitia dirishani, na kwa kuwa eda haikumruhusu kutoka, alisubiri turudi. "Mnamuua mara ya pili," alisema, akamwita Mjomba Saidi.

Alikuja Jumamosi baada ya adhuhuri, akavua kofia, akakaa ukingoni mwa kiti. Bibi hakumkaribisha chai.

"Saidi, wewe ndiye uliyeniandikia kuwa mwanangu mgonjwa?"

"Ndiye mimi, mama."

"Alikuwa mgonjwa?"

"Hapana, mama. Alikuwa keshazikwa."

"Sasa leo nikuamini kwa lipi?"

Mjomba akasema kwamba walimwosha watatu, na chini ya goti la kushoto aliona kovu jeupe lenye umbo la jani. "Uji," bibi alisema polepole. "Alijimwagia uji akiwa anatambaa." Mjomba akaendelea. Ni yeye aliyeingia kaburini, akafungua kamba za sanda, akalilaza shavu kwenye udongo. Udongo wenyewe ulikuwa umeganda kwa baridi, kwa hiyo kabla ya kufukia waliyavunjavunja mabonge kwa mikono, yasimwangukie kama mawe. Alitunyooshea viganja vyake, kana kwamba alama bado zipo.

Bibi aliuliza jambo moja tu zaidi. "Maji yalikuwa ya moto?"

"Ya vuguvugu, mama. Nilitia kiwiko kwanza, kama anavyoogeshwa mtoto."

Bibi akainama kidogo. Alikwenda jikoni, akafungua ile chupa ya asali, akakoroga chai ya Mjomba, ya mama, na yangu. "Kunywa, mke mwenzangu," aliniambia. "Mgonjwa hayupo." Nilikunywa, na kwa mara ya kwanza tangu mlango ule ufungwe, nikalia. Coventry Road sikurudi kungoja.

Sasa nimepita miaka arobaini, na miguu ya baba nimeirithi mimi. Nimeishi Leicester, Maskati, Mombasa, na miji mingine ambayo sikukaa hata nikajua majina ya majirani. Santuri nahama nayo, ingawa sina cha kuichezea. Mzee Ndevu alikufa kifo chake cha kweli nikiwa naosha vyombo katika mkahawa. Redio ilimpa sentensi mbili, katikati ya mpira na hali ya hewa. Sikulia. Kwa mazoea tu, niliendelea kumngoja wiki mbili tatu. Siku hizi, kwa kubonyeza kitufe, namzika alasiri na kumwimbisha jioni.

Bibi alifariki mwaka jana huko Tanga. Nilikuwa nimerudi Birmingham kwa muda, nimesimama kwenye kituo cha treni cha Stechford, na mtoto wa kaka yangu wa ukoo akanitumia ujumbe wa simu, mstari mmoja, hata maiti haijaoshwa. Zamani wangeniandikia kwamba bibi mgonjwa, njoo. Ningenunua asali, na njia nzima, hadi mlangoni, bibi angekuwa hai. Nilimpigia kijana yule, nikamwomba asimamie maji yawe ya vuguvugu.

"Shangazi," alisema kwa upole, "hapa ni Tanga. Maji yote ya moto."

Treni ikaja, nami sikuipanda. Nilisimama nikiwatazama walioteremka, mmoja mmoja.