Mila Alizozibuni Amna

Amna, mwanamke wa Kizanzibari, alikuwa akimtunza Profesa Sheldon nyumbani kwa mzee huyo, mji wa Sugar Land, ughaibuni. Profesa, mwenye miaka themanini na nne, alikuwa mtaalamu wa mila za watu. Miaka arubaini alikwenda na kurudi kwa Wainuiti, kule kaskazini kwenye barafu. Miguu sasa ilimgomea, lakini udadisi, wapi! Amna akimpimia dawa, yeye na kalamu mkononi.

"Kwenu mgeni hukaribishwaje?"

Siku hiyo Amna alikuwa kachoshwa na maswali. Shetani akampitia.

"Kwetu mgeni hapewi chai mpaka aimbe."

Profesa akaandika. Mchezo ukamkolea Amna. Kesho yake akasema mkwe hula akiutazama ukuta. Keshokutwa, kwamba paka ndiye humchagulia mtoto jina. Mumewe, Hemed, alipoyasikia alishika kichwa.

"Mwanamke wewe, hayo yatachapwa kitabuni!"

Jumamosi moja Badria, dada yake Hemed, aliteremka kutoka Dallas, akampitia wifi yake kazini. Profesa akampokea kwa adabu zote, akaonyesha birika.

"Karibu chai. Ila imba kwanza."

Badria akamtazama Amna. Amna akatazama dari. Maskini Badria, akidhani ndiyo desturi ya wazungu wa Sugar Land, akasafisha koo, akaimba wimbo wa harusi beti tatu, na kigelegele juu.

Amna alicheka mpaka akakaa sakafuni. Kisha haya zikamshika.

"Profesa, nisamehe. Nilikudanganya. Yote yale."

"Najua. Tangu yule paka." Mzee alikuwa akifuta machozi ya kicheko. "Kule barafuni bibi mmoja aliniambia mgeni hali nyama mpaka ageuze koti, ndani liwe nje. Nililigeuza misimu mitatu ya baridi, kambi nzima ikijificha kucheka. Nilipogundua, nilinuna wiki nzima. Bibi akanijia, akasema: tusiyempenda hatujisumbui kumdanganya. Hapo ndipo walipoanza kunihadithia ya kweli."

"Kwa hiyo mimi nimeimba bure?" Badria akafoka.

Profesa akammiminia chai mwenyewe, akamwomba ubeti wa nne. Badria akakataa katakata, lakini chai akainywa, vikombe viwili.

Amna akavuta kiti.

"Na huyo bibi, akiitwa nani?"

Miaka miwili alimfanyia kazi mzee yule, na hilo lilikuwa swali la kwanza kumuuliza kuhusu maisha yake. Profesa akaweka kalamu mezani, akaanza kusimulia.