Jina Lililokuja kwa Simu

Juzi mjukuu wa marehemu mdogo wangu alinijia na mkewe, wamembeba mtoto wao wa kiume amevikwa kofia ya sufu mpaka kwenye nyusi, na jua lote lile la Morogoro. Shikamoo bibi, marahaba, karibuni. Hata hawajakaa sawasawa, kijana akaniambia mtoto wamempa jina la huyo mdogo wangu, Yupo, na kila anayelisikia anawauliza wamelitoa wapi. Ni jina la kisasa, ati. Halina wa pili.

"Tuambie basi, bibi, asili yake nini?"

Kisasa! Jina hilo lilikuwapo kabla gari la moshi halijafika Dodoma. Niliwaambia kwa kifupi tu kwamba lilikuja kwa simu, wakafurahi. Yaliyobaki nayaandika hapa, maana mdomo wangu uligoma.

Ilikuwa wakati wa Mdachi. Tulikaa Uluguru, upande unaoutazama mji. Baba alikuwa ameondoka kwenda kutandika reli, akasema atarudi kabla ya mvua. Mvua zikaja zikaenda. Mama alibaki na mimi, mtoto wa miaka tisa hivi, na mimba. Mdogo wangu alizaliwa tukivuna mahindi, na baba hakuwa hata na habari kwamba anakuja.

Kwetu jina la mtoto lilitoka upande wa baba, na lilitolewa siku anaponyolewa nywele alizozaliwa nazo. Wembe ukishapita, jina limeshakaa, haliondolewi. Mwenye wembe alikuwa shangazi yangu, dada wa pekee wa baba, aliyekaa juu zaidi mlimani. Alishuka, akampakata mtoto, akalia, kisha akasema hamnyoi.

"Wifi yangu, sijui kama kaka yangu yu hai," alimwambia mama. "Kama yu hai, atatuma jina mwenyewe, na mtoto ni wako. Kama amekufa, mtoto atachukua jina lake, na akiacha ziwa nitakuja kumchukua nikamlee mimi, maana ndiye atakayekuwa kaka yangu. Nisipofanya hivyo nitakuwa nimempoteza moja kwa moja."

Ilikuwa kweli. Jina la maiti lisipopata wa kulivaa, kwetu halitajwi tena. Ndiyo sababu hapa simtaji baba yangu.

"Mwanangu haendi popote," mama alisema.

"Basi niletee habari ya kaka yangu."

Mimi nilimchukia shangazi tangu siku ile. Nilikuwa nikisikia sauti yake njiani, nambeba mdogo wangu tunakwenda kujificha migombani. Nywele za mtoto zikarefuka zikafika masikioni, majirani wakamtania mama wakimuuliza kama anafuga kondoo. Mama alicheka nao. Wakiondoka, hakuwa na kicheko tena.

Mwanamke mmoja aliyekuwa akiuza ndizi sokoni ndiye aliyetuambia kwamba mjini, karibu na boma, kuna chumba cha simu, ile ya kupeleka maneno kwa kugonga mashine, na waya wake unafuata reli mpaka kwenye kambi za wafanyakazi. Mama hakuuliza mara mbili. Alfajiri ya kesho yake tukashuka, yeye na mtoto mgongoni, mimi na kuku kwapani.

Karani wa simu alikuwa mtu wa pwani, kanzu nyeupe pe, sauti ya upole. Meza yake ilinifika puani, kwa hiyo nilichokiona zaidi ni kanzu hiyo. Mbele yetu alikuwapo mtu mmoja mwenye karatasi, na mashine ikalia tik-tik-tik mpaka nikashtuka. Zamu yetu ilipofika, mama alieleza yote kwa pumzi moja: jina la mumewe, kijiji, kovu la shavuni, mtoto asiye na jina, wifi anayemsubiri. Akasema anaomba neno moja tu. Yupo, au hayupo?

Karani alimtazama mama, akamtazama na mtoto na manywele yake. Akatuambia tungoje. Alikaa mezani kwa muda, kisha akainuka, akaja mpaka tulipokuwa.

"Yupo," akasema. "Nenda nyumbani, mama. Yupo."

Nilidhani mama atapiga vigelegele. Aliinamisha kichwa, akamwachia karani yule kuku, tukaondoka.

Shangazi alipopata habari alikuja mbio, mtu mzima yule, akicheza tangu uwanjani. Akanoa wembe. "Na jina?" akauliza.

"Jina hawakutuma," mama akajibu. "Walichotuma ni hicho tu, kwamba yupo. Basi mwite hivyo hivyo."

Shangazi akacheka mpaka machozi yakamtoka. Alimnyoa polepole, akiita Yupo, Yupo, kila nywele zinapoanguka. Lo, furaha aliyokuwa nayo! Sikuwahi kuiona tena usoni mwake.

Mtoto alikuwa anakimbia huku na huku, ana miaka minne, siku alipokuja mtu aliyekuwa kambi moja na baba. Alileta blanketi na kisu. Baba alikufa kwa homa, akasema, hata Kilosa hawajafika, wakazikana wenyewe kando ya reli.

"Lini?" shangazi akauliza.

"Wakati watu wanapanda mahindi, msimu ule ule aliofika kambini."

Shangazi akahesabu kwa vidole. Mtoto alizaliwa wakati wa kuvuna, na tulikwenda kwenye simu miezi baada ya hapo. Akamgeukia mama.

"Wifi, si uliuliza?"

"Niliuliza."

"Wakasema yupo?"

"Walisema."

Akaketi chini, pale pale kwenye vumbi, akaanza kulia kwa sauti ambayo sijaisahau. Hakumlilia maiti peke yake. Wembe ulikuwa umeshapita, na ulipitishwa na mkono wake mwenyewe. Siku ile chuki yangu kwake ilikwisha, nikabaki namwonea huruma. Tangu hapo hakumwita mdogo wangu kwa jina. Alikuwa akimwita wewe mtoto.

Aliugua kabla vita havijafika Morogoro. Akaagiza aletewe mtoto, tukapanda sote watatu. Alikuwa amebaki mifupa. Mtoto alipoingia chumbani, shangazi alijiinua kwa kiwiko, akamtazama sana, akamwita kwa jina la baba. Akamwita tena.

Mdogo wangu alikuwa na adabu zake. "Shikamoo, shangazi," akasema. "Mimi Yupo."

Shangazi akajilaza, akageukia ukutani. Hakusema tena na mtu mpaka alipofariki.

Baada ya maziko, tukishuka, mama alisimama ghafla njiani, akamwacha mtoto atangulie.

"Ile mashine haikulia," akaniambia.

"Mashine gani, mama?"

"Ya simu. Kwa yule mwenye karatasi ililia. Kwetu sisi yule bwana alikaa tu, mikono juu ya meza, kisha akaja kunidanganya. Alinionea huruma. Niliona kwa macho yangu, nikanyamaza, maana ningesema neno ningemkosa mwanangu."

"Kwa hiyo ulijua baba amekufa?"

"Sikujua. Sikutaka kujua." Akaanza kulia, na watu walikuwa wanatupita. "Yule mwanamke hakunikosea kitu. Alimtaka kaka yake tu."

Hayo yote yalikuwa kifuani mwangu wale vijana wamekaa mbele yangu wanakunywa chai. Jina la baba yangu ninalo mdomoni, na hakuna mwingine aliye hai anayelijua. Nikifa, limekwisha. Nikamtazama mtoto ndani ya kofia yake, wa kiume, kitukuu wa mtoto wake mwenyewe, nikaona amepatikana wa kulivaa.

"Mmeshamnyoa?" nikauliza.

Mama yake akacheka, akaivuta ile kofia. Kichwa kilikuwa kipara kitupu, kinang'aa mafuta.

"Siku ya saba, bibi. Tumenyoa na jina tumempa."

Nikamwomba nimpakate. Nikampapasa kile kichwa, nikamwita Yupo, naye akafumbua macho.